Shajara ya mradi: kurudisha mikusu na miombo kwenye kilima cha mkaa, Iringa

14 Novemba 2021

Shajara hii inawekwa kwa ajili ya vikundi vya Iringa, Njombe, Mbeya na Songwe vyenye kilima kama chetu: hekta 6 za ardhi ya kijiji, mteremko wa mawe na udongo mwekundu usio na kina, uliokatwa kwa mkaa zaidi ya miaka kumi mfululizo hadi matanuri yakahama yenyewe kwa kukosa miti. Hii si Iringa ya ukungu na misindano kama Mufindi. Hapa mvua huanza kushika mwishoni mwa Novemba, hukatika Aprili au Mei mwanzoni, na miezi inayobaki ni ya vumbi na moto. Kileleni imebaki mikusu 23 mikubwa, ambayo haikuguswa kwa sababu watoto na akina mama huokota makusu yake. Nia yetu ni kuurudisha mkusu, yaani Uapaca kirkiana, pamoja na miombo yenyewe iliyouandama siku zote, hadi mteremko wote ufunikwe.

Jambo moja lielezwe mapema, kwa sababu litajitokeza mara nyingi. Mwongozo wa kina niliofanikiwa kuupata kabla ya kuanza haukuwa wa mkusu bali wa mwaloni. Anayesoma Biblia ya Kiswahili ameikuta mialoni ya Mamre, lakini hapa kwetu sijakutana na mtu aliyeuona mti huo umesimama: jamii yake ina spishi zaidi ya 400, karibu zote za nusu ya kaskazini ya dunia, na katika Afrika huota kwa asili kule kaskazini tu, katika nchi kama Moroko, Aljeria na Tunisia. Mwaloni na mkusu si ndugu. Hata hivyo tabia zao zinafanana kwa mambo manne ambayo ndiyo kazi yenyewe: mbegu isiyovumilia kukauka, mzizi mkuu unaotangulia kukua kabla ya shina, kuvu zinazoishi na mizizi, na kisiki kinachochipua baada ya shoka. Niliusoma mwongozo huo kwa haraka, nikaamini nimeuelewa.

9 Januari 2022

Tumenunua ndoo mbili za makusu kwa wauzaji wa kando ya barabara kuu, tukala nyama, tukaosha mbegu. Kila kusu lilitoa mbegu 3 au 4. Mbegu zilianikwa juani kwenye mkeka kwa siku tisa, kama tunavyofanya kwa mahindi, kisha 600 zikapandwa kwenye viriba, yaani vifuko vya plastiki vya kuoteshea miche, mbegu moja kila kiriba.

27 Machi 2022

Kati ya mbegu hizo 600 zimeota 14.

Kosa ni langu, na lilikuwa limeandikwa wazi katika mwongozo, ukurasa ambao niliuruka kwa kudhani kwamba kukausha mbegu ni hekima isiyohitaji mjadala. Mbegu ya mahindi, ya maharage au ya msindano hukauka, hulala, na huamka ikipata maji. Mbegu ya mwaloni haina usingizi wa namna hiyo: huanguka ikiwa na maji mengi ndani yake, na maji hayo yakipungua kupita kiasi kiinitete hufa, wala hakuna kulowesha kutakakokifufua. Ndiyo maana huko Ulaya mwaloni unategemea sana ndege wa jamii ya kunguru ambao huzika mbegu zake ardhini kama akiba ya majira ya baridi, ndege mmoja akizika maelfu kwa msimu na kusahau sehemu yake. Mbegu iliyozikwa hubaki na unyevu. Iliyoachwa juu ya majani makavu hukauka au huliwa. Mkusu hufuata kanuni hiyohiyo, ila kwetu wasambazaji ni nyani, watoto na walevi wa makusu wanaotema mbegu njiani.

Bahati nzuri, mwishoni mwa Januari, kabla hata ya kujua ukubwa wa hasara, mwenzetu mmoja aliokota makusu chini ya mikusu mitatu ya kileleni, akayasugua kwa mchanga na maji mpaka nyama yote ikatoka, na tukapanda mbegu 700 ndani ya siku mbili kwa sababu tu viriba vilikuwa tayari. Zimeota 498. Udongo, maji na kivuli vilikuwa vilevile. Tofauti ilikuwa siku tisa za jua.

Tulijaribu pia kipimo cha kuelea kinachotumika kwa mwaloni, ambapo mbegu zinazozama huhesabiwa nzima na zinazoelea hutupwa. Kwa mbegu zetu kilitupotosha, kwa kuwa zile zilizokuwa zimebakiwa na nyama kidogo zilielea hata zikiwa nzima. Kiganja kizima tulichokitupa kwenye shimo la takataka kiliota huko bila msaada wa mtu. Anayetaka kukitumia aoshe mbegu kwanza mpaka ziwe safi kabisa.

16 Mei 2022

Kinyausi, yaani ugonjwa wa ukungu unaoozesha miche michanga, kimeua miche 61 kati ya 512. Tulikuwa tunamwagilia asubuhi na jioni chini ya kivuli kizito cha nyasi. Tumepunguza maji yawe mara moja kwa siku, tumepunguza nyasi za kivuli, na mmoja wetu amenyunyizia dawa ya ukungu iliyobaki kwenye nyanya zake. Kinyausi kimekoma.

21 Agosti 2022

Miche imedumaa. Ina miezi zaidi ya sita na mingi haijapita urefu wa kiganja, majani ni ya njano kuanzia ukingoni, na 39 imekufa bila ugonjwa unaoonekana. Tulijaribu samadi ya ng'ombe kwenye viriba 50 na haikusaidia chochote. Miche iliyopata samadi nyingi ilikufa mapema zaidi.

Jibu lilitoka kwa mtu aliyewahi kufanya kazi ya bustani ya misindano huko Mufindi. Aliinua kiriba kimoja, akakipasua kwa wembe, akautikisa udongo taratibu na kuuliza tuliuchimba wapi. Tuliuchimba kwenye shamba la mahindi lililo jirani na kisima, kwa sababu ulikuwa mweusi na laini. Alicheka, akasema kwamba hata msindano usingekubali. Misindano ilipoletwa kwa mara ya kwanza katika nchi nyingi za joto, miche yake ilidumaa na kuwa ya njano namna hii hadi udongo wenye kuvu zake ulipoletwa, na ndiyo sababu mabustani huchanganya udongo uliotoka chini ya misindano iliyokomaa.

Mwaloni, msindano, mkusu na myombo ni miti ya vyama tofauti vyenye mkataba wa namna moja. Kuvu huizungushia ncha za mizizi myembamba kama kidole kinavyovishwa soksi, kisha nyuzi zake huenea mbali kuliko mzizi wenyewe unavyoweza kufika, zikileta fosforasi, naitrojeni na maji, na mti hulipa kwa sukari iliyotengenezwa na majani. Wataalamu huuita ushirika huo mikoriza. Katika shamba la mahindi kuvu za aina hii hazipo au ni chache mno, kwa sababu mahindi hushirikiana na kuvu za kundi lingine. Tulikuwa tumewatuma watoto ugenini bila ndugu hata mmoja.

Tulifanya jaribio dogo ambalo ninalipendekeza kwa kila kikundi kabla ya kujaza viriba vyote. Mbegu chache zilizootea kwenye shimo la takataka, ambazo zilikuwa 12, tulizihamisha: sita kwenye udongo wa shambani na sita kwenye mchanganyiko wa robo tatu udongo wa chini ya mikusu ya kileleni na robo moja vumbi la mbao lililooza. Baada ya wiki saba sita za kwanza zilikuwa zilezile za njano, na sita za pili zilikuwa na majani mapya ya kijani kilichokolea. Ukipasua kiriba cha pili unaona, bila kioo cha kukuzia, ncha za mizizi zimenenepa na kuwa butu, zikiwa na utando mweupe kama ukoko wa maziwa. Kwa miche iliyosalia tulichimba kishimo kwa kijiti pembeni ya kila mche na kutia kopo moja la udongo wa kileleni. Uchukuliwe ule wa juu, chini ya majani yaliyooza, usiozidi kina cha kiganja, na usichimbwe mwingi chini ya mti mmoja.

Kuhusu dawa ya ukungu ya mwezi Mei: dawa inayoua kuvu haibagui. Sitasema ndiyo iliyosababisha yote, kwa maana udongo ulikuwa tayari hauna kitu, lakini haitatumika tena kwenye bustani hii.

19 Oktoba 2022

Moto umepita. Ulianza shambani kwa mtu aliyekuwa anasafisha mabua, saa nane mchana, upepo ukivuma kutoka mashariki, na ulichoma karibu nusu ya mteremko. Bustani ya miche ilisalimika kwa kuwa iko kisimani.

Tulikuwa na njia ya kuzuia moto yenye upana wa mita 3, iliyofyekwa Julai kwa gharama ya Sh 190,000. Moto uliivuka bila kupunguza mwendo. Tulikuwa tumefyeka nyasi na kuziacha zilale palepale, zikakauka miezi mitatu, kwa hiyo tulichokuwa tumekijenga ni utambi wa kilomita moja kuuzunguka mlima. Njia ya moto si mahali palipofyekwa. Ni mahali ambapo udongo unaonekana. Kuanzia mwaka ujao itakuwa na upana wa mita 6, itakwanguliwa kwa jembe, na nyasi zitaondolewa mwezi Mei zikiwa bado na ubichi.

20 Desemba 2022

Miche 412 imepandwa baada ya mvua tatu nzuri. Viriba vyetu vilikuwa na kina cha sentimita 15, vinavyofaa kwa miti mingi ya bustani, lakini mzizi mkuu wa mkusu ulikuwa umeshafika chini, ukagonga na kujizungusha kama mkia wa kinyonga. Tumekata kipande kilichojikunja kwa wembe kabla ya kupanda. Wakuzaji wa mwaloni wana tatizo hilihili na hutumia vyombo virefu vyembamba vilivyo wazi chini. Ningeanza upya, ningetumia viriba vya sentimita 25 au ningepanda mbegu moja kwa moja mlimani.

30 Julai 2023

Tumehesabu miche. Yenye majani ya kijani ni 119. Mingine 293 ni vijiti vikavu, na kwenye daftari la kikundi imeandikwa kwamba imekufa. Kikao kilichofuata kilikuwa cha kununiana, na wenzetu wawili walitaka tuombe miche ya mikaratusi tuachane na habari hii.

Siku ya tatu yake nilirudi peke yangu na jembe ili nijue angalau mche hufaje. Nilichagua kijiti kikavu kabisa, kilichovunjika kwa kuguswa, nikachimba pembeni. Chini ya kifundo, kina cha vidole viwili, gome lilikuwa na unyevu. Nilipolikwaruza kwa ukucha lilitoa rangi nyeupe ya waridi. Mzizi huo ulikuwa na unene wa kalamu na ulishuka zaidi ya dhiraa moja kabla haujapotea kwenye mawe, ilhali shina lake halikuwahi kuzidi kimo cha kopo. Nilichimba mingine tisa. Sita ilikuwa hai.

Hivyo ndivyo miombo inavyolelewa na nchi yenye kiangazi cha miezi saba. Mche hukua mvua moja, shina lake hufa kiangazi, hurudi mvua nyingine, hufa tena, na miaka yote hiyo unachokijenga ni mzizi. Kwa mpita njia ni nyasi. Siku mzizi ukipata akiba ya kutosha, shina moja huinuka haraka, na likiruka kimo cha moto linakuwa mti. Mwaloni mchanga hufanya karibu vivyo hivyo, kwa miaka kadhaa ukikatwa na paa au ukiungua na kuchipua tena kwenye shingo ya mzizi.

Ile hesabu ya 293 imefutwa. Hata hivyo, nilipokuwa nachimba niliona kitu ambacho kimenikosesha usingizi zaidi: jembe lilikuwa linagonga mizizi minene ambayo si ya miche yetu.

24 Septemba 2023

Njia ya moto ya mita 6 imeshika. Mara ya kwanza kwa miaka mingi mteremko haujaungua, na mwezi huu, bila tone la mvua, umevaa majani mapya mekundu kama shaba. Tulipokuwa tunadhani pana nyasi na mawe, pana visiki, na visiki vina watoto.

Tulihesabu kwa safu, kila mtu akiwa na punje za mahindi mfuko wa kulia na kuhamishia moja mfuko wa kushoto kwa kila kisiki chenye uhai. (Mmoja wetu alichukua mahindi ya kukaanga, na safu yake ilibidi irudiwe.) Tumepata visiki hai 1,790: zaidi ya nusu ni miombo, inafuata mikusu inayochipua pia kutoka kwenye mizizi iliyotambaa, na iliyobaki ni mchanganyiko. Tulikuwa tumehangaika miaka miwili kuotesha miche 412 juu ya msitu uliokuwa umeketi chini ya miguu yetu, ukikatwa kichwa na moto kila Oktoba.

Kazi hii ya kutunza visiki vichipue hadi viwe miti, Dodoma wanaiita Kisiki Hai. Ulaya nako, mialoni ilikatwa kwa mkaa na kuni kwa karne nyingi kwa zamu, visiki vikaachwa vichipue na kukatwa tena, na msitu haukuisha. Kwa hiyo mkaa wenyewe haukuua kilima chetu. Kilichokiua ni mkaa ukifuatiwa na moto wa mwisho wa kiangazi kila mwaka, pamoja na mbuzi. Kuanzia sasa fedha ya kikundi itakwenda kwenye visiki na kwenye njia ya moto; bustani ya miche imefungwa, na miche iliyopandwa itahesabiwa tu.

11 Februari 2024

Makosa mawili ya kupunguza machipukizi.

La kwanza: kisiki kimoja kinaweza kuwa na machipukizi 20, na tuliamua kuacha moja, lile lililonyooka zaidi, ili nguvu yote iende kwake. Kwenye visiki 200 vya kwanza tulifanya hivyo. Chipukizi linalobaki peke yake limeshikwa na gome tu pembeni ya kisiki, halijajenga mti wa kulibeba, na mvua za Januari zenye upepo zilibandua 73 kati ya hayo kama mtu anavyobandua jani la mgomba. Sasa tunaacha matatu yaliyo karibu na ardhi, pande tofauti za kisiki, na tutapunguza hadi moja au mawili yakishafika kimo cha mtu.

La pili ni la aibu zaidi. Kati ya mikusu 23 ya kileleni, tisa haijawahi kuzaa kwa kumbukumbu ya mtu yeyote. Kikao kikaona ni busara kuikata hiyo tasa, tupate nguzo za banda na mwanga kwa machipukizi. Minne ilikuwa imelala chini bibi mmoja wa kitongoji cha juu alipopita na kuni zake. Tukamwamkia, hakuitikia shikamoo, akauliza ni nani aliyetoa ruhusa.

"Haizai, bibi," nikamjibu. "Ni tasa."

Akatua mzigo, akavunja kitawi kwenye mti uliolala, akakileta usoni pangu. Kilikuwa na vishada vya maua madogo ya kijani kibichi kinachoelekea njano, na nyuki bado walikuwa juu yake. Kisha akavuta tawi la mkusu wa jirani, unaozaa, na kunionyesha ua moja moja, lisilo na kishada. "Hawa ni wanaume, mwanangu. Ukiwamaliza, hao wanawake watazaa na nani?"

Mkusu una mti dume na mti jike, tofauti na mwaloni ambao maua yake ya kiume na ya kike hukaa kwenye mti mmoja; hapo ndipo mwongozo wangu uliponiacha njiani. Madume matano yaliyobaki yamefungwa kamba nyekundu. Machipukizi ya mikusu hayatapunguzwa kwa kubagua mpaka yachanue na jinsia ijulikane, na miti inayotoa vishada itaachwa isambae katika mteremko wote badala ya kukaa kona moja.

8 Juni 2024

Tumechoma sehemu ya kilima sisi wenyewe, na uamuzi huo ulihitaji vikao vitatu.

Nyasi ambazo hazijaungua kwa miaka miwili zilikuwa zimefika kiunoni. Kuziacha hadi Oktoba kulimaanisha kwamba cheche moja ingevuka njia ya mita 6 na kukuta kuni za kutosha kuua kila chipukizi. Kilichoshawishi kikao ni majaribio yaliyoanzishwa Ndola, Zambia, mwaka 1933 kwenye miombo kama yetu: vipande vilivyochomwa kila mwaka mwishoni mwa kiangazi viligeuka kuwa nyasi na miti michache, vilivyochomwa mapema vilibaki kuwa msitu wa wazi, na vilivyozuiliwa moto kabisa vilisongamana. Moto ni uleule; mwezi ndio unaoamua. Katika misitu ya mialoni ya mashariki mwa Marekani kosa limekuwa la upande mwingine: moto mdogo uliozoeleka ulizuiwa kabisa katika karne ya 20, miti inayopenda kivuli ikajaa chini, na mialoni michanga inayohitaji mwanga ikakosa nafasi.

Sheria ya Misitu ya mwaka 2002 inataka kibali cha kuchoma, nasi tulikipata kabla ya kugusa kiberiti, na wenye mashamba jirani walijulishwa. Tulichoma vipande kwa zamu, hekta 2 tu kati ya 6, kuanzia saa kumi jioni upepo ukiwa umelala, tukianzia juu na kushuka ili moto uende kinyume cha mlima. Miali haikuzidi goti, na chini ya nyasi paliachwa weusi wenye madoa ya kijani. Kona moja ilituponyoka kidogo, palipokuwa na lundo la matawi tuliyoyakata Februari na kuyasahau: moto uliruka kimo cha mtu na machipukizi 30 hivi yalikauka. Matawi yaliyokatwa yatolewe nje ya eneo, si kwa usafi bali kwa sababu ni kuni.

17 Novemba 2024

Mtu amebandua magome ya miombo 11 michanga kupata kamba za kufungia paa. Imebanduliwa kuzunguka shina lote na itakufa kuanzia palipobanduliwa kwenda juu. Nimewahi kusoma kwamba kule Ureno kuna mwaloni unaobanduliwa gome kila baada ya miaka 9 na kuendelea kuishi, lakini hapo linalotolewa ni gome la nje lililo kama sponji, huku la ndani linalopitisha chakula likibaki. Gome la myombo linalofaa kamba ndilo hilo la ndani. Tumeikata miti hiyo chini ya jeraha ichipue upya. Kijiji kimekubaliana kwamba kamba zitatoka kwenye machipukizi tunayoyapunguza, na magome yake yatagawiwa bure siku ya kazi. Hadi sasa hakuna aliyerudi usiku.

2 Machi 2025

Uyoga wa manjano umeota chini ya machipukizi ya upande wa kusini, ambako mwaka 2021 hapakuwa na kitu. Akina mama wanaoufahamu walijaza vikapu viwili. Huu si uyoga unaolimwa kwenye mabua kama mamama. Ni tunda la zile kuvu za mizizi, na bila mti hai hauoti. Mimi nauchukua kama kipimo kizuri kuliko urefu wa shina. Miche yetu ya viriba iliyo karibu na visiki vyenye uyoga ina majani mapana kuliko iliyo peke yake kwenye mawe.

14 Septemba 2025

Hesabu, kwa wanaotaka kuiga.

Miche: viriba 1,300 Sh 65,000, mwagiliaji kwa miezi 10 Sh 500,000, kivuli Sh 45,000, mashimo na kupanda Sh 340,000, usafiri Sh 85,000. Jumla Sh 1,035,000. Iliyo hai leo ni 131, baada ya mchwa na mbuzi kuchukua sehemu yao, kwa hiyo kila mche umetugharimu karibu Sh 7,900, na mrefu kuliko yote unanifika gotini.

Visiki: njia ya moto Sh 280,000 kwa mwaka kwa miaka mitatu, kupunguza machipukizi Sh 240,000, chakula cha watu siku za kuchoma mwaka jana na mwaka huu Sh 120,000. Jumla Sh 1,200,000 kwa visiki 1,790, yaani Sh 670 kila kimoja, na mengi ya machipukizi yake yamenipita kimo. Zile Sh 190,000 za utambi wa mwaka 2022 sijaziweka popote. Kila kikundi kitalipa ada yake.

Miche haikuwa bure kabisa. Sehemu ya juu mashariki, palipokuwa na matanuri, udongo uliungua kwa kina na hakuna kisiki kilichorudi. Miche 44 kati ya 131 iko hapo, na bila hiyo pangebaki majivu. Nikipewa kilima kingine nitakaa msimu mmoja bila moto, nihesabu visiki, kisha nioteshe miche ya mapengo tu, kwa mbegu mbichi na udongo wa kileleni.

Wiki hii maganda ya miombo mikubwa ya bonde la jirani yameanza kupasuka mchana kwa mlio kama wa kuni mbichi motoni, mbegu zikirushwa hatua 10 hadi 20 kutoka kwenye shina. Tumetandika maturubai mawili chini yake, na kinachookotwa leo kinapandwa kesho kwenye viriba virefu, kitunzwe bustanini mpaka mvua zishike. Upande wa mashariki wa njia ya moto kuna mita 40 ambako nyasi zimeinuka tena. Zitakwanguliwa Jumamosi, na kila mtu aje na jembe lake.